Ngome ya Mvua na Jua

Ile ngome niliijenga mimi, kwa mdomo tu, njiani kati ya Buleusa na Kibua, na sitaki mtu anihurumie kwa hilo. Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Mdogo wangu alikuwa na mitano, na alikuwa amekaa kwenye matope akikataa kutembea.

Tulikuwa tumemwacha mama mtoni. Risasi ilimpata pajani tulipokuwa tukikimbia kutoka kijijini, na alipoona hawezi kusimama alinishikisha mkono wa mtoto, akaniambia nisigeuke. Sikugeuka. Sasa mvua ilikuwa inanyesha huku jua linawaka, na mdogo wangu akarudia swali lile lile: "Dada, Mama iko wapi?"

"Alishaingia mu ngome," nikamjibu.

Basi ikanibidi niijenge. Nilimwambia iko kati ya dunia yetu na ile nyingine, si huku wala si kule, na lango lake hufunguka pale tu mvua na jua vinapokutana. Kuta zake zinang'aa kama mabati mapya ya kanisa. Ndani hakuna giza, hakuna bariyeri ya askari barabarani, hakuna anayekuuliza wewe ni kabila gani. Ukiingia, jeraha lako linafunga, na unakaa kuwangoja wenzako. Mtoto akainuka, akatembea hadi Kibua. Watu wazima walinisifu sana kwa kumfikisha. Laiti wangenizaba kofi.

Baba mdogo, ndugu wa baba yetu marehemu, ndiye aliyetupokea. Alisema tungoje habari za mama. Habari hazikuja, na hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kutamka kwamba amekufa, kwa hiyo hatukukaa matanga. Mimi nikaendelea kupamba kuta. Kila mvua ya jua mdogo wangu aliniuliza mama anakula nini kule, analala wapi, na jibu nilikuwa nalo. Hata nilipokuwa mwalimu, nikichapa watoto wa watu kwa kusema uongo, jibu nilikuwa nalo.

Mdogo wangu aliolewa na kijana wa hapo hapo Kibua aliyekuwa akichimba madini ya koltani Rubaya, akamfuata huko. Siku moja kilima kikaporomoka juu ya shimo alimokuwa mumewe. Wenzake walifukuliwa, yeye hakuonekana. Juma halijaisha, watu walikuwa wameanza kuchimba tena pembeni pale pale, wabebaji wakipita na mifuko yao kana kwamba chini hakuna mtu. Hilo linaniunguza hadi leo.

Kwetu, mtu asiyepatikana maiti yake huzikiwa mgomba. Linakatwa shina la urefu wake, linafungwa shuka, linashushwa kaburini, na mjane ndiye anayetupa udongo wa kwanza. Mdogo wangu alikataa. Alirudi Kibua na mtoto wa miezi mitano mgongoni, na kila mvua ilipokutana na jua alitoka nje akasimama kuangalia kilimani, akingoja lango lifunguke. Mtoto alilowa pamoja naye. Akaanza kukohoa, kisha kifua kikaanza kubana. Muuguzi alimpa dawa, akamkataza mama yake kumtoa nje mvua ikinyesha. Alimtoa vile vile.

"Baba yake anapashwa kumuona," aliniambia. "Na ukizika mutu, ile ngome haitamufungulia tena. Ni weye njo ulisemaka."

Sikukumbuka kusema hivyo. Huenda nilisema. Nilisema mengi.

Baba mdogo alinivuta kando. "Ile maneno ni weye uliijenga, uibomoe weye mwenyewe," akasema. "Huyu mutoto atakufa."

Siku ya maziko mgomba ulikuwa umeshakatwa na kulazwa uani. Manyunyu yakaanza, na nyuma yake jua. Mdogo wangu alikaza kitenge kilichombeba mtoto ili atoke. Nikasimama mlangoni.

"Hakuna ngome," nikamwambia. "Nilikudanganya juu utembee. Hakuna lango, hakuna kitu. Bwana yako iko chini ya udongo kule Rubaya."

Nilitaka anipige. Kupigwa kungenipa nafuu. Lakini aliniangalia tu, mkono mmoja nyuma umeshika miguu ya mtoto, na nikaona mawazo yake yanatoka Rubaya, yanarudi nyuma mwaka baada ya mwaka, mpaka kule mtoni. Mimi mwenyewe nilikuwa sijafika huko. Miaka yote hiyo, naapa, nilikuwa sijafika.

Akamfungua mtoto mgongoni, akanikabidhi. Kisha akatoka kwenda kwa baba mdogo, aliyekuwa amesimama kando ya ule mgomba, panga bado mkononi.

"Papa, mukate mugomba ingine," akamwambia. "Mama alikuwa mufupi kuliko huyu bwana yangu."