Karani Aliyetunza Jalada la Kesi Yake

Saa moja asubuhi. Nyuma ya jengo la mahakama ya mwanzo, nje kidogo ya mji wa Ifakara, Fridolin Libena anatandika turubai na kuanza kuanika karatasi. Anazilaza moja moja, anaziwekea kokoto zisipeperuke, kisha anazigeuza taratibu kama mtu anayeanika mpunga.

Ni Agosti 1998. Mvua kubwa za mwanzoni mwa mwaka ziliingiza maji masjala, chumba kinachohifadhi kumbukumbu za mashauri. Majalada zaidi ya mia sita yalilowa, na mengine hayajakauka mpaka leo.

"Jua likipanda natoa. Jua kali linapausha wino," anasema bila kuinua macho.

Fridolin ana miaka 51 na amekuwa karani wa masjala kwa miaka kumi na minne. Mshahara wake wa shilingi elfu arobaini na sita unamtosha kupanga chumba kimoja na kununua chakula anachojipikia mwenyewe. Mkewe, Ester, alifariki mwaka 1991. Hawakujaliwa watoto.

Mwananchi anaruhusiwa kufika hapa kuomba kuona kumbukumbu ya shauri. Kazi ni kulipata jalada lake. Wengi hawana namba, na wengine wamesahau hata mwaka.

Saa tatu anaingia Mzee Joachim, mkulima aliyetoka Mofu kwa baiskeli.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Natafuta hukumu ya shamba la marehemu kaka yangu."

"Ilikuwa mwaka gani?"

"Mwaka ule tembo walipomaliza mahindi yetu."

Fridolin anafikiri kidogo, anavuta daftari la mashauri la mwaka 1986, anashusha kidole kwenye majina. Nusu saa baadaye mzee ameketi kwenye benchi na jalada mapajani, anasoma huku midomo ikicheza. Fridolin ameketi mbele yake, kwa sababu jalada halisomwi bila karani kuwepo.

"Nimekaa hivi na watu wengi," ananiambia baadaye. "Mtu anasoma, analia. Mimi natazama dirishani."

Mtaani anakoishi, watu wakimwona anapita hushusha sauti. "Najua kesi ya karibu kila nyumba. Hakuna aliyenifukuza, ila hakuna anayeniambia karibu tule."

Kuna jalada moja ambalo kwa miaka mingi aliomba asije mtu kuliulizia. Ni shauri la madai namba 41 la mwaka 1979. Mdai ni Theodori Libena, kaka yake wa tumbo moja. Mdaiwa ni yeye mwenyewe.

Wawili hao waligombea shamba la mpunga la marehemu baba yao. Baba alimpa Theodori kwa mdomo, akiwa kitandani, na mtu mwingine pekee aliyekuwepo chumbani ni Fridolin. Hakimu alipomuuliza Theodori kama ana shahidi, jibu lake liliandikwa hivi: "Shahidi wangu ni huyu ninayemshitaki. Aulizwe. Ni ndugu yangu, atasema kweli."

Fridolin aliulizwa. Akajibu neno moja: "Sijui."

"Nilikuwa nimeoa juzi tu, nataka shamba," anasema. "Nikashinda. Kaka akahamia Chita mwaka uleule. Hajanisemesha mpaka leo."

Alipoajiriwa masjala alilikuta jalada hilo rafuni. Kila mwaka, katika kuhesabu majalada, lilipita mikononi mwake. Mafuriko yalipokuja lililowa pamoja na mengine, na Fridolin hafichi alichofanya: aliliweka kwenye rundo la yasiyosomeka, yanayosubiri kuchomwa.

"Lilikaa pale siku mbili. Na lilikuwa linasomeka vizuri tu. Siku ya tatu nikalitoa, nikalianika."

Wiki tatu baadaye, mwezi Julai, alifika msichana wa miaka ishirini na tano hivi. Akaamkia, akasema anaitwa Natalia, ni mwalimu, ametoka Chita. Mkononi alikuwa na kipande cha karatasi: namba 41, mwaka 1979.

"Baba hataki kusema kwa nini tuliondoka kwetu," alimwambia karani. "Nataka kusoma mwenyewe."

Fridolin alimletea, akaketi mbele yake kama desturi. Safari hii, anasema, dirisha halikumsaidia. Natalia alifika kwenye lile jibu la neno moja, akarudi nyuma, akalisoma tena. Kisha akaomba nakala ya ukurasa huo.

Mashine ya kuchapa ilikuwa mbovu, ikabidi Fridolin anakili kwa mkono. Aliandika swali la hakimu. Aliandika "Sijui". Akapiga muhuri, na chini akaandika jina la karani, kama inavyotakiwa.

Natalia aliliangalia jina lile kwa muda mrefu.

"Kwa hiyo wewe ndiye baba mdogo."

"Ndiye mimi."

"Ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa najua. Nilikuwepo baba alipomwambia."

Natalia alikunja karatasi, akaitia kwenye mkoba. Mlangoni alisimama, akasema bila kugeuka: "Baba anaumwa miguu, hasafiri siku hizi." Akaenda zake.

Tangu siku hiyo hakuna barua iliyotoka Chita. Shamba lenyewe Fridolin hajalilima tangu Ester afariki, limeota matete. Amekwishazungumza na mwenyekiti wa kijiji kuhusu kulirudisha kwa maandishi, mbele ya mashahidi. Ameomba likizo mwezi ujao, apande treni kwenda Chita.

Jioni, jua likiwa limepoa na karatasi zimeanikwa tena, namuuliza kama niandike jina lake au nilifiche.

"Andika. Lipo masjala siku zote, mwenye haja alisome."

Namuuliza atafanyaje kaka yake akikataa kumfungulia.

Anainama, anageuza karatasi ya mwisho, anairudishia kokoto yake.

"Nitasemea nje ya mlango," anasema. "Atakuwa ndani, atanisikia. Nitamwambia tu nilikuwa najua."