Mtu wa Tatu Kutoka Kulia

Karyo alikuwa mmoja wa waliobeba jeneza la Sultani, na miezi miwili baadaye homa ikambeba yeye. Hakuacha picha. Watu wa hali yake mjini Jogja, kisiwani Java, hawapigwi picha, hupigwa na jua tu.

Mjane wake, Saminten, mchora batiki, aliishi na upweke wake miaka mitatu, hadi ikaja habari: Mzungu mmoja aliyachukua maziko yale kwa kamera ya sinema, na wenyeji wataonyeshwa alasiri moja tu kabla filamu haijapelekwa mji wa Semarang.

Mzee Wiryo, Pak Wiryo kama walivyomwita, msimamizi wa wabeba jeneza, alikuwa ameshaiona, ameketi pamoja na wakubwa. Akampitia mlangoni.

"Yu Saminten, dada, jeneza likitoka langoni, tazama ukingo wa kulia. Mtu wa tatu. Uso wote unaonekana!"

"Kweli, Pak?"

"Haki ya Mungu."

Jirani yake Jumirah alimsindikiza, mdomo haumtulii. "Ukimwona usimwite, Yu. Akishtuka atamwangusha Sultani!"

Saminten akacheka, kicheko cha kwanza tangu lini sijui.

Wakubwa walikaa mbele ya shuka la sinema, watu wa kawaida wakakaa nyuma yake, ambako picha ilipenya. Ndiyo ilikuwa desturi, na aliyezoea kutazama vikaragosi vya vivuli kutoka upande wowote haoni ajabu.

Jeneza likatoka. Saminten akakodoa macho kulia. Wa kwanza, wa pili, wa tatu: mwanamume mwenye taya pana. Hamjui. Nimemsahau? Miaka mitatu tu, nimeusahau uso wa mume wangu? Aibu ikamshika, akajilazimisha. Pua ile, ndiyo. Masikio yale, ndiyo. Akamlilia machozi yote aliyokuwa ameyaweka.

Kisha wakapita walinzi, wamechomeka majambia mgongoni, na mipini yote imeelekea kushoto. Hakuna Mjawa avaaye jambia hivyo. Ndipo akaelewa kwamba kwa aliyekaa nyuma ya shuka, kulia huwa kushoto. Akageuza macho upesi, lakini jeneza lilishapita na wabebaji wake. Palibaki farasi na vumbi.

"Umemwona?" Jumirah akauliza.

"Nimemwona."

Hakumweleza mtu. Angemweleza nani? Karyo alipita mbele yake, uso wazi, na yeye alikuwa akimlilia mume wa mwanamke mwingine. Tangu siku ile, kila akifumba macho amkumbuke Karyo, anayemjia ni yule mwenye taya pana.