Mama Alipoketi Chini Kando ya Kinu

Mwaka wetu wa pili Minnesota, kanisa la Wamarekani lililokuwa likituazima ukumbi wake kule Roseville lilitualika safari ya siku moja. Wazee wao walikuwa wanakwenda Minneapolis kutembezwa kwenye vinu vya zamani vya unga, kando ya mto, na kwenye basi kulikuwa na viti vimebaki. Mjomba, mdogo wake Mama, ndiye aliyetutangulia kufika Marekani, na katika kanisa letu la Wakongomani alikuwa mzee wa kanisa. Akaamua twende mimi na Mama.

Alikuja kwetu jioni kutuambia. Mama alikuwa anasonga fufu, hakuacha mwiko.

"Dada, ni vizuri utoke nje kidogo," Mjomba alisema. "Lakini nakuomba. Hawa watu ndio wanatupa mahali pa kuabudia. Mukifika kule, mukae vizuri, museme asante, murudi." Kisha akanigeukia mimi. "Weye unajua Kiingereza. Um-control mama yako."

Niliitikia kwa sababu ni mjomba wangu. Lakini neno lile lilinichoma. Mama yangu alituvusha ziwa tukiwa watoto, akatulea kambini Tanzania kwa miaka mingi mpaka mimi nikamaliza sekondari, na hapo hakuna aliyekuwa akimwendesha. Alipofika Marekani ndipo kila mtu alipoanza kumpangia: akae wapi, avae nini kwenye baridi, aseme nini kwa wenyeji. Neno lake kuu mwaka ule lilikuwa asante, na alilisema kwa Kiingereza vibaya, bila kulipenda.

Siku ya safari niliomba ruhusa kazini. Nilikuwa nawahudumia wazee kwenye makao ya wagonjwa huko Saint Louis Park, kuwaogesha na kuwalisha, kwa hiyo kukaa ndani ya basi lililojaa wazee wengine hakukunitisha. Mama alivaa koti zito, na juu ya koti akajifunga kitenge cha njano, kwa sababu alisema koti peke yake linamfanya afanane na gunia. Mama mmoja wa Kimarekani, aliyekuwa msimamizi wa safari, alitupokea kwa uchangamfu na kutukalisha mbele ili tuone vizuri. Alikuwa mtu mwema. Nalisema hilo mapema kwa sababu yaliyofuata hayakutokea kwa ubaya wake.

Tulipofika mtoni, kiongozi wa watalii alikuwa anatungoja. Kijana mrefu, kofia ya sufu, kipaza sauti kidogo kimebanwa shavuni. Alituonyesha maporomoko na lile daraja refu la mawe lililokuwa la treni, akaeleza jinsi nguvu ya maji ilivyozungusha mawe ya kusagia, na jinsi unga wa mji huu ulivyokwenda dunia nzima. Mimi nilikuwa namtafsiria Mama sikioni.

"Unga wa nini?" Mama akauliza.

"Wa ngano."

"Haushibishi," akasema, akaendelea kutazama maji.

Kutoka pale tukaingia kwenye magofu. Kuta ndefu za mawe zimesimama hazina paa, madirisha matupu, na anga ya Oktoba ikionekana kupitia kwayo. Kiongozi akasimama katikati, akatuambia kwamba hapa zamani palikuwa na kinu kikubwa kabisa, na jioni moja vumbi la unga lililojaa hewani ndani yake lilishika moto. Alikusanya mikono yake kifuani, kisha akaitupa juu kwa nguvu. "Bum!" alisema. Baadhi ya wazee wakacheka. Akasema paa liliruka angani na vinu vya jirani navyo vikaungua.

"Lakini wenye kinu hawakukata tamaa," akaendelea. "Walijenga kingine palepale, kikubwa zaidi na bora zaidi. Kuta hizi ni zake."

Watu wakatikisa vichwa kwa kupendezwa, wakapiga picha. Mimi nilimtafsiria Mama yote, pamoja na ile bum. Akanishika mkono wa koti.

"Na batu? Hakukuwa batu mule?"

Nikamuuliza kiongozi kama kulikuwa na watu ndani. Alinijibu kwa adabu kwamba ndiyo, wafanyakazi waliokuwa zamu walikufa wote, na kuna bamba la jiwe ukutani lenye majina yao. Tutalipita tukielekea basini. "Tukiwa tunatembea," alisema, kwa sababu muda ulikuwa umebana na kulikuwa na chakula cha mchana kilichokwisha kuagizwa mahali.

Tulilipita kweli. Kundi likaendelea mbele, Mama akabaki. Alisimama mbele ya lile bamba na kuweka kiganja juu ya herufi.

"Nisomee."

Nikamsomea jina moja moja. Yalikuwa majina ya watu wa mbali, mengine yalinishinda kutamka, nikayasoma hivyo hivyo. Nilipomaliza Mama alifungua kitenge chake cha njano, akakitandika kwenye mawe ya barabara, akaketi chini, miguu ameinyoosha mbele. Akavua kitambaa cha kichwa. Nikajua. Kwetu mwanamke hawezi kuketi hivyo ila kwenye msiba.

Lazima niseme kuhusu baba yangu. Alikufa kwenye shimo la dhahabu, milimani kwetu Kivu, nikiwa mdogo. Mvua ilinyesha, shimo likawafunika yeye na wenzake. Wenye shimo hawakufukua. Walisema ni hatari, na baadaye wakachimba lingine kando yake, na watu wakaenda kufanya kazi kwa sababu njaa haiko mbali. Mama alipoanza kulia, watu wenye bunduki waliokuwa wakililinda lile shimo walikuja wakasema hawataki kelele. Mjomba wangu, kijana wakati ule, ndiye aliyemziba Mama mdomo kwa mkono wake na kumwingiza ndani. Huenda aliokoa maisha yetu. Lakini hapakuwa na kaburi wala matanga, na muda si mrefu tukakimbia.

Kwa hiyo Mama alilia pale Minneapolis, mchana kweupe. Hakulia kwa kujificha. Alilia kwa sauti ya kwetu, ile inayopanda na kushuka, na katikati ya kilio alikuwa akiwaita wale wafanyakazi mmoja mmoja kwa majina aliyoyakamata vibaya, halafu akamwita baba yangu, halafu wale waliofukiwa naye. Watu waliokuwa wakikimbia mazoezi kando ya mto walipunguza mwendo. Mimi nilisimama nyuma yake kwa kitambo kidogo, nikisikia uso wangu ukiwaka moto. Kisha nikaketi naye.

Kiongozi alirudi mbio, na mama msimamizi nyuma yake.

"Ameumia? Niite gari la wagonjwa?" kiongozi aliuliza.

"Hajaumia. Analilia wafu."

"Ana ndugu yake hapa?" Aliangalia bamba, akaangalia Mama, akachanganyikiwa.

"Hana. Anajua walivyokufa, basi."

Mama msimamizi aliinama, akamshika Mama bega na kusema maneno ya upole. Kisha akaniambia kwa sauti ya chini kwamba basi haliwezi kungoja, wazee wana njaa, wengine wana dawa za kumeza kwa wakati, na je, Mama hawezi kumalizia ndani ya basi, ambamo kuna joto na faragha?

Nikatafsiri. Mama akafuta macho kwa nyuma ya mkono.

"Mwambie niliisha kuambiwa siku moja niende kulia ndani. Sitaenda tena. Basi iende."

Ningeweza kulainisha. Ningeweza kusema mama yangu anashukuru lakini angependa dakika chache. Niliyasema kama alivyoyasema, mpaka ile *basi iende*. Mama msimamizi alisimama wima, akakaza koti lake shingoni. Alisema anasikitika, akaniuliza mara mbili kama tunajua njia ya kurudi. Nikamwambia tunajua. Walikwenda. Kiongozi alikwenda nao, lakini kabla ya kugeuka alizima kipaza sauti chake na kuvua ile kofia, akasimama hivyo kidogo. Sijui alifikiri nini.

Mama alimaliza alipotaka kumaliza. Aliimba wimbo mmoja wa maziko, akaomba kwa Mungu kwa ajili ya wa huku na wa kule, akasema amina, akakung'uta kitenge. Tukanunua chai ya moto na mkate, tukala tumesimama. Kisha tukapanda treni ya umeme hadi Saint Paul, barabara ya Snelling, na pale tukachukua basi la kwenda Roseville. Mama hakuwa amewahi kupanda treni ya mji ule. Alikaa dirishani, kichwa wazi, na kila kituo alinitaka nimtajie jina lake.

Habari ilifika kwa Mjomba kabla yetu. Jumapili, baada ya ibada, alituita kwenye chumba kidogo nyuma ya ukumbi. Mama msimamizi alikuwepo. Mjomba alikuwa amevaa tai, jasho limemtoka.

"Dada, omba msamaha tumalize," alisema. "Ni neno moja tu. Tutakosa ukumbi kwa ajili yako."

"Nimekosa nini?"

"Umetutia aibu mbele ya wenyeji."

"Nimelia," Mama akasema. "Bwana yangu alikufa, nimelia. Kama kuna mtu anataka ukumbi wake kwa sababu hiyo, achukue. Tutaimba nje, hata kwa teluji." Akanigeukia. "Tafsiri yote."

Nikatafsiri yote. Nikaeleza na habari ya shimo, kwa sababu yule mama wa Kimarekani hakuwa akiijua na hakuna aliyewahi kumwambia. Alinisikiliza mikono imefungwa kifuani. Mwishoni alisema hakuna mtu anayetaka ukumbi, na kwamba yeye hakuja kudai msamaha, alikuja kuona kama Mama alifika nyumbani salama. Ndiyo yote aliyosema. Mwaka uliofuata walifanya safari nyingine, hawakutualika. Ukumbi tuliendelea kuutumia.

Wiki ile ile Mama alitangaza matanga ya baba. Miaka yote hiyo ilikuwa imepita, na tuliyafanya ndani ya fleti yetu ya ghorofa ya pili, na jirani wa chini tukamjulisha kwa heshima kwamba kutakuwa na kuimba. Wanawake walisukuma makochi ukutani, wakaketi kwenye zulia. Walikuja na sombe ya majani ya muhogo, maharagwe, samaki wa kukaushwa. Wengi wao nao walikuwa na mtu wao ambaye hawakumlilia, na kufikia siku ya pili walikuwa wakitaja majina yao wenyewe.

Mjomba hakuonekana mpaka siku ya mwisho. Alifika bila tai, akavua viatu mlangoni, akakaa hapohapo karibu na viatu vya watu. Mama alimpelekea sahani kwa mkono wake mwenyewe. Mjomba alishika sahani bila kula, akalitaja jina la baba yangu, jina ambalo sikuwa nimelisikia kinywani mwake tangu utoto, na akaanza kulia kwa sauti kubwa. Hakuna mtu chumbani aliyemwambia anyamaze.