Samaki Waliokuja Juu Kiplombe

Miaka ile ya chama kimoja, kazi yangu ilikuwa kuandika na kusoma maelezo ya filamu fupi za kufundisha wakulima. Tulizionyesha jioni kwenye viwanja vya shule, kwa jenereta. Asubuhi moja mimi na mpigapicha tulitoka Eldoret mjini kwenda Kiplombe, kwa mama mmoja aliyekuwa amechimba bwawa la samaki, la kwanza pande zile. Majirani walimcheka. Kwao chakula kilikuwa ugali na maziwa. Samaki waliwaita nyoka wa majini.

Tulikuta samaki wamejaa juu ya maji, midomo wazi. Mpigapicha alifurahi.

"Wamejua wanapigwa picha," akasema, kamera ikaanza kunguruma.

Mama naye alitabasamu. "Jana niliwawekea samadi, toroli baada ya toroli. Mgeni asikute maji meupe, aseme nawanyima chakula."

Ngoja nieleze, kwa maana hilo ni kosa la mtu mkarimu. Samadi kidogo hukuza ule ukijani ambao samaki hula. Ikizidi, huoza, na kuoza humaliza hewa iliyomo majini. Samaki wale hawakuja kutusalimu. Walikuwa wanatafuta pumzi.

"Mama, fungua maji mapya yaingie," nikamwambia. "Sasa hivi, watakufa wote."

Kabla hajafika kwenye mfereji, tulisikia sauti upande wa chini. Jirani yake, mzee mwenye ng'ombe, alikuwa amesimama pale maji ya bwawa yanapotokea.

"Mama, nyoka wako wakifa ni shauri yao. Lakini hiyo supu ya mavi haitashuka mtoni. Ng'ombe wangu wanakunywa huko, na wajukuu pia."

Alikuwa na haki. Maji mapya yakiingia, ya zamani lazima yatoke. Mama alitazama bwawa, akatazama mto. Samaki mmoja alikuwa ameanza kulala ubavu.

"Basi yaende kwenye shamba langu la majani ya nepia," akasema.

"Sasa leta jembe," mzee akajibu. "Unangoja nini?"

Mpigapicha aliweka kamera chini. Tulichimba mtaro hadi kwenye nepia, tukaziba njia ya mtoni kwa magunia ya udongo, kisha mama akafungua mfereji. Maji baridi yakaingia juu, ya kijani yakatambaa kwenye majani. Mdomo mmoja ukazama, halafu mwingine, mpaka bwawa likatulia.

"Wameenda wapi?" mzee akauliza.

"Wameshuka nyumbani, Mzee. Wamepata hewa," nikamjibu.

Mama aliketi kwenye nyasi, akacheka huku akijipangusa macho kwa leso. Mpigapicha akapiga picha ya mtaro, kisha ya maji yasiyo na kitu.

Tulipoionyesha filamu kiwanjani, picha ya mwisho ilipofika, watu walilalamika kwamba bwawa ni tupu. Nilikuwa nimeshika kipaza sauti nieleze, lakini mzee aliniwahi kutoka mstari wa mbele.

"Nyamazeni. Nyoka wa huyu mama wakiwa wazima, hawaonekani."