Leseni Yangu na Pazia la Mchinga

Siku ya kwanza ya kazi nilifika ofisini Kilwa Masoko nimevaa viatu vya kuazima. Meneja wa Tawi, mtu mnene aliyependa kuongea huku akifuta miwani, hakuniambia hata keti. Alininyooshea kadi ngumu yenye picha yangu na mhuri wa Serikali, akasema, "Ndugu, hii ndiyo leseni yako ya uwakala. Ukimuuzia mtu bima bila hii, unakwenda jela. Ukiwa nayo ukasema uongo, unakwenda jela vilevile."

Leseni haikugawiwa kama njugu, vijana wangu. Nilikaa darasani Dar es Salaam majuma sita, nikafanya mtihani, kisha mjumbe wa nyumba kumi akaniandikia barua ya tabia njema. Na kila mwaka ilibidi ihuishwe. Unampelekea Mkaguzi wa Kanda majalada yako yote, anayasoma moja moja, na akiridhika anagonga mhuri. Asiporidhika, unarudi kijijini kulima. Enzi hizo bima ilikuwa mali ya umma, nasi tuliambiwa kwamba sisi ni watumishi wa wananchi, si wachuuzi. Tuliamini, na mpaka leo naona fahari kulisema.

Kuuza bima ya maisha pwani ile kulikuwa na visa vyake. Ukianza kueleza kwamba mtu akifariki familia yake italipwa, wazee wanakutazama kana kwamba umekuja na jembe la kuchimbia kaburi. Katika kijiji cha Kilangala, mzee mmoja alinikatiza mbele ya watu, "Kwani wewe umeambiwa nakufa lini?"

"Shikamoo kwanza, babu," nikasema.

"Marahaba. Sasa jibu!"

Watu walicheka, nami nikacheka. Nilimrudia mara nne. Safari ya tano akaweka dole gumba. Tangu hapo nikaitwa Bwana Bima, na jina hilo ninalo hata leo.

Mwaka wa tatu nikahamishiwa Lindi. Nikapanga chumba Rasbura na mke wangu, Mwanahawa. Huko ndiko leseni ile ilikonitoa jasho.

Dereva mmoja wa lori la ushirika, mkazi wa Mchinga, alifariki kwa homa. Alikuwa na bima ya maisha, na mnufaika, yaani mtu wa kulipwa, alikuwa mkewe, Bi Zainabu. Kanuni ilitaka fomu ya madai ifike ofisini ndani ya siku tisini, na wakala athibitishe kwa saini kwamba amemwona mnufaika kwa macho yake. Lakini Bi Zainabu alikuwa edani, na eda ya mjane ni miezi minne na siku kumi. Muda wote huo haonekani na mwanamume asiye wa kwao. Nikimngoja atoke, fomu imekwishachelewa.

Basi nikaenda. Shemeji yake alinikalisha ukumbini, mbele ya pazia la kitenge. Nikamsomea Bi Zainabu fomu yote, naye akaitikia kwa lafudhi ya hapo hapo Mchinga. Mkono ukatoka pembeni mwa pazia, nikausogezea kidau cha wino, akabonyeza dole gumba mahali nilipomwelekeza.

Ikabaki nafasi moja: alama za kutambulika usoni. Fomu yenye nafasi tupu ilikuwa inarudishwa. Niliona haya kumuuliza mjane habari za uso wake, tena shemeji yake yupo. Nikajiambia, huyu ni mtoto wa Mchinga, atakuwa na alama gani? Nikaandika "Hana", nikatia saini kwamba nimemwona.

Haukupita muda, zamu ya kuhuisha leseni ikafika. Mkaguzi wa Kanda alikuwa mwembamba, mkimya, na mawakala wote wa kusini walimwogopa. Alifungua jalada la Bi Zainabu.

"Mjane huyu ana alama gani usoni?"

"Hana, Ndugu Mkaguzi."

Akanisukumia karatasi nyingine. Ilikuwa fomu ambayo marehemu aliombea bima, iliyojazwa na wakala aliyenitangulia na kutunzwa makao makuu. Nikasoma: mke, mzaliwa wa Newala, chale mashavuni na kwenye kipaji cha uso. Kumbe Bi Zainabu alikuwa Mmakonde aliyesilimu alipoolewa, akakaa Mchinga mpaka lafudhi ikamkolea.

"Ama huyu si yeye," akasema Mkaguzi, "ama wewe hukumwona. Lipi?"

Nikishikilia kwamba nilimwona, mjane anaonekana tapeli na haki yake inapotea. Nikikiri, leseni inakwenda, na Mwanahawa alikuwa na mimba ya kwanza.

"Sikumwona," nikasema. "Niliuona mkono tu. Yuko edani."

Akaichukua leseni yangu, akaifungia kwenye mtoto wa meza. Kisha akauliza, "Una mke?"

"Ninaye."

"Kesho asubuhi uje naye."

Nilijua anataka kumwambia mwenyewe kwamba nimefukuzwa. Sikulala.

Kulipokucha tukapanda gari la ofisi sote watatu, hadi Mchinga. Mwanahawa akapewa karatasi na kalamu, akaingia nyuma ya pazia. Mimi na Mkaguzi tukabaki ukumbini tukitazama mkeka. Tukasikia wanawake wakinong'ona, kisha wakacheka. Alipotoka akamkabidhi Mkaguzi karatasi: chale mashavuni, chale kwenye kipaji.

"Ndiye," akasema Mwanahawa. "Na anauliza, mbona Bwana Bima hakumuuliza? Angemwambia."

Niliona aibu ambayo sijaisahau. Nilikuwa nimemsomea fomu yote, nikachukua dole gumba lake, na neno moja la kumuuliza lilinishinda.

Bi Zainabu alilipwa. Mimi nilikaa mwezi mzima bila leseni, kisha Mkaguzi akaigonga mhuri. Toka siku hiyo aliagiza kwamba penye eda, wakala aende na mwanamke wa kuaminika. Mwanahawa aliifanya kazi hiyo miaka mingi, bila leseni wala hata barua ya asante kutoka ofisini, na jambo hilo linaniudhi mpaka leo.

Nilipostaafu niliirudisha ile kadi, picha imefifia, mihuri imejaa nyuma. Nilitoka mlangoni nikalia kidogo, sifichi. Nikikaa sasa hapa Rasbura, watu wa ofisini nimeanza kuwasahau majina. Lakini namkumbuka mama mmoja aliyeingia ofisini Lindi miezi michache baada ya kisa kile. Alikuwa amejitanda ushungi mpaka usoni, sikumjua.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Ni mimi wa pazia. Eda imekwisha."

Akavuta kiti mpaka dirishani penye mwanga, akakaa, akaushusha ushungi wake mabegani.

"Haya, nitazame," akasema. "Sasa andika mwenyewe."