Wimbo wa Kisimani

Ukiuliza Garissa Hawo Hirsi ni nani, wengi watakwambia hawamjui. Lakini sura yake waliiona, kubwa kama mlango, kwenye shuka jeupe. Wakati wa vita vya serikali na waasi walioitwa shifta, aliigiza katika sinema tatu za gari la serikali, lile lililozunguka na spika likionyesha picha, na muziki wake alitunga mwenyewe.

Ya kwanza alikuwa mama anapeleka mtoto kliniki. Ya pili, mke wa mwenye duka. Ya tatu, mwaka wa 1966, ndiyo hataki hata itajwe.

Mutiso, mtu wa bara aliyeshika kamera, alimwambia, "Dada, hapa watu wanahamia kijiji cha serikali wakicheka. Nipe muziki wa furaha. Kitu cha kwenu."

Hawo akampa cha kwenu kweli. Akachukua wimbo wa kunywesha ngamia wa ukoo wa mama yake, akautia makofi na ngoma. Ngamia wa ukoo ule wanausikia kisimani tangu wadogo. Wakiusikia popote, wanajua maji yapo, wanakuja.

"Wewe ni fundi, bwana!" Mutiso akasema. Hawo akatembea mjini siku tatu shingo juu.

Mwezi uliofuata askari wakachukua lile gari. Walikuwa wanasaka ngamia waliofichwa na watu waliokataa kuhamia kijijini. Asubuhi moja wakasimama kando ya vichaka, wakaufungulia ule wimbo kwenye spika. Ngamia wa Nunow, mjomba wake Hawo, wakatoka mbio wenyewe, thelathini na mmoja, mpaka mbele ya bunduki. Hakurudi hata mmoja.

Nunow akaletwa kijijini, ndani ya seng'enge, na ngamia jike mmoja mzee. Hawo alikaa siku tisa akizunguka njia ya mbali asimpitie. Alijua sauti yake inajulikana, lakini aliona bora aseme mwenyewe kabla hajaulizwa. Siku ya kumi akaenda, kitambaa cha shash kimemfunika kichwa mpaka machoni.

"Abti," akamwambia mjomba wake, "ile sauti ya kwenye gari..."

"Funua uso. Sinemani si ulikuwa wazi?"

Akafunua.

"Walahi, uliimba vizuri," Nunow akasema. "Hata mimi nilisimama, nikatafuta ndoo." Akampiga yule ngamia kiunoni. "Huyu tu ndiyo haikuja. Unajua kwa nini? Masikio yake ilikufa zamani. Kiziwi ndiyo imebaki kwangu."

Akacheka peke yake. Hawo alitaka matusi, hakupewa.

"Haya, mpeleke maji."

Mutiso alikuja na sinema ya nne. Hawo akamwambia sauti imekauka. Alikuwa ameshika kamba, anamvuta yule ngamia kwenye birika. Alipofika, mdomo ukafunguka wenyewe, kwa mazoea. Akaufumba. Akamgonga ngamia shingoni mara mbili, ndivyo alivyoambiwa na mjomba, naye akainama akanywa.