Ushuhuda Wangu Kuhusu Mkopo wa Baba

Jumapili hiyo kanisani walikuwepo wadogo zangu Nafula na Wekesa, mchungaji, jirani yetu Mama Atieno, waumini wa kanisa letu la Laini Saba, na wakili Kamau, niliyemwalika mwenyewe.

Baba alituachia mkopo wa benki, na dhamana ni mashine ya kusaga unga kule Kawangware, ambayo ndiyo inatulisha. Benki ilipotushtaki, wakili alisema tukielewana nao kesi itafutwa. Nikatia sahihi makubaliano na benki, hakimu akaifuta kesi. Mimi niliyeacha shule darasa la sita kulea wadogo zangu nilidhani korti ikinyamaza, deni nalo limenyamaza.

Basi nikashika kipaza sauti, nikashuhudia: “Bwana ametufutia deni la baba!”

Vigelegele vikapigwa. Mama Atieno akapaza sauti, “Hakimu huyo anakaa wapi, nimpelekee na langu la dukani?”

Wakili hakucheka. Alinijia pale mbele akaninong’oneza, nami nimesahau kushusha kipaza sauti.

“Dada, kilichofutwa ni kesi. Mkopo bado upo, na wewe ulikubali kuulipa kila mwezi, la sivyo wanachukua mashine.”

Kanisa zima likasikia. Nafula akauliza, “Kwani bado tunadaiwa?”

“Bado,” nikajibu, na spika zikarudia.